Matunda Kutoka Makongolosi

Tangu binti yake Goodness alipofariki Makongolosi, alikokuwa akiwapikia wachimbaji wa dhahabu, Tusajigwe hakuchuma tena mapichi ya mti ulio nyuma ya jiko lake. Chini ya mti ule ndiko alikofukia kitovu cha Goodness. Msimu huu mti ulizaa mpaka matawi yakagusa ardhi. Mapichi yakaanguka, yakaoza, harufu yake ikaingia hadi chumbani. Mwenyewe alishinda barabarani hapa Isyonje akiuza matunda ya watu wengine.

Jioni alirudi na pakiti ya pipi laini kwa mjukuu wake Juliana, pakiti yenye picha ya pichi. Pipi hizo ndizo Goodness alizokuwa akimtumia mwanawe kupitia madereva. Sasa mtoto hakutaka kingine. Uji alikataa, maharage alikataa. Kliniki walimpima, wakakuta uzito umeshuka tena. Ukizidi kushuka, walisema, atalazwa.

"Lakini anakula matunda!" Tusajigwe alinilalamikia mimi jirani yake, akinipa pakiti. "Mwalimu, nisomee. Si matunda haya?"

Maandishi yalikuwa ya Kiingereza, madogo kama mayai ya chawa. Sukari. Sukari nyingine ya maji. Jelatini. Rangi. Ladha ya kutengenezwa. Vitamini C kidogo ya kuongezwa.

"Jelatini ni nini?"

"Inatolewa kwenye ngozi na mifupa ya wanyama, mama. Inachemshwa."

"Na pichi?"

"Liko kwenye picha tu."

Aliigeuza pakiti huku na huku. "Kumbe namlisha mifupa iliyopakwa rangi. Na mchana kutwa naita wapita njia, matunda, matunda!" Alicheka, kisha hakucheka tena.

"Acha kumnunulia."

"Harufu hii ndiyo mama yake, mwalimu. Nikiiondoa, nimemzika Goodness mara ya pili."

Asubuhi nilimwona amesimama chini ya mpichi. Aliongea na mti kwa Kinyakyusa, taratibu, kama mtu anayebisha hodi kwa mgonjwa. Kisha akachuma. Akamenya, akakata vipande, akavitia ndani ya pakiti tupu na kuukunja mdomo wake.

Juliana alikuwa amekaa kizingitini, magoti yamemtokeza kwa kukonda. Akainusa pakiti kwanza, kama kawaida yake.

"Mama ametuma?"

Tusajigwe alitazama nyuma ya jiko. "Ametuma."

"Mbona zimelowa?"

"Leo hazikupita kwa dereva."

Mtoto akaramba kimoja. Akakitafuna. Akachukua kingine, na maji ya pichi yakamchuruzika mpaka kiwikoni. Bibi yake alijishika mdomo asilie.

"Kwa hiyo yuko karibu," Juliana akasema.

Nyuma ya jiko pichi moja likaanguka. Hapakuwa na upepo. Mtoto akageuka kutazama, akiendelea kutafuna.