Kimya cha Mwenyekiti

Juzi nikiwa Hedaru, nasubiri kifurushi kwenye ofisi ya mabasi, aliingia mhadhiri wa chuo kikuu na kitabu chake kipya kuhusu hotuba za kampeni. Akakikabidhi kwa mikono miwili kwa mwenyekiti wa kijiji, mzee aliyeteremka kutoka Chome kumpokea.

“Ukurasa huu ni wako, mzee. Nimesifu ulivyonyamaza katikati ya hotuba, ukawateka watu.”

Mzee akavaa miwani, akausoma wote.

“Asante, mwanangu. Ila sikuwa namteka mtu. Kuna bibi alichelewa, nikamsubiri apate pa kukaa.”

Mhadhiri akacheka, akatoa kalamu, akayaandika hayo pembeni mwa ukurasa.

Nimehudhuria mikutano mingi ya kampeni. Wanaonyamaza hawakosi, ila wengi huwa wanasubiri makofi.