Pua ya Mwenyekiti

Siku yangu ya kwanza kuuza maziwa ya ngamia mjini Wajir, sikuruhusiwa kugusa hata kikombe. Mwenyekiti wa akina mama wa maziwa, mjane wa maneno machache na makali, alinikalisha karibu naye. Lori la maziwa kutoka kijiji cha Hadado liliposhusha madumu, akafungua moja, akanusa, akanisogezea.

"Nusa wewe. Inasema nini?"

"Moshi, habo." Habo ni mama mdogo; sote tulimwita hivyo.

"Moshi tu?"

"Na uchachu kidogo."

Akaliweka kando. Nyinyi mliozoea friji hamjui: dumu hufukizwa kwa makaa ya mti mkavu kabla ya kutiwa maziwa, yasiharibike njiani. Lililofukizwa vibaya huchacha, na likimiminwa kwenye pipa la wote, akina mama wote wamepata hasara. Kwa hiyo mama yeyote mzee ambaye pua yake haikunusa tena alirudishwa nyumbani, akakae na kuta.

Basi kila asubuhi, mpaka alipofariki, mwenyekiti alinusa kisha akaniuliza. Nilichoka naye. Wenzangu waliachiwa mapema, mimi napewa mtihani hadi nina wajukuu. Allah amrehemu, alikuwa na kichwa kigumu.

Kiti chake nikakirithi. Pikipiki zikaanza kuleta maziwa, wasichana wakaanza kulipwa kwa simu, mimi nikaendelea kunusa. Niliipenda kazi ile. Nyumbani nilikuwa bibi wa watu. Sokoni nilikuwa mimi, na nilicheka.

Halafu nikashikwa na mafua mazito. Nilipopona nikafungua dumu, nikainama. Hakuna kitu. Si moshi, si maziwa. Nikaogopa kama mtoto. Kando yangu alikaa Sahara, binti wa kaka yangu. Nikajikaza, nikamsogezea dumu.

"Nusa wewe. Inasema nini?"

Nilipojisikia nikisema hivyo, nikamkumbuka habo, na miaka yote aliyoniuliza. Kumbe naye! Machozi yakanilenga.

Sahara akanusa, akanitazama kidogo. "Hii imeanza kuchacha, shangazi," akasema kwa sauti, wenzetu wote wasikie. "Kweli wewe ulijua kabla yangu."

Hakumwambia mtu. Tulifanya kazi hivyo mpaka magoti yaliponikatalia soko.

Siku hizi Sahara hupitia kwangu asubuhi na dumu moja, analifungua mbele yangu, ananiuliza linasema nini. Nainama, navuta pumzi, sisikii chochote. Namwambia, moshi mzuri, nenda ukauze. Naye husubiri nilifunge mwenyewe, ndipo aende.