Kuutafuta Mlango wa Babu katika Magofu ya Ibra

Nilikwenda kwenye magofu yale kwa sababu ya macho ya shangazi yangu, Bi Zuwena. Ana presha ya macho. Mwezi wa tisa daktari hapa Sur, Oman, alimwambia wazi kwamba kilichopotea hakirudi, na kilichobaki kinapungua. Shangazi alimshukuru, akafunga mkoba wake, na tulipofika garini akaniambia, "Moza, nataka kuiona nyumba ya baba kabla sijawa mtu wa kushikwa mkono."

Baba yake ndiye babu yangu. Alizaliwa katika hara moja, yaani mtaa wa zamani wa nyumba za udongo, nje kidogo ya mji wa Ibra. Akaondoka kijana kwenda Unguja na hakurudi tena. Mama yake alibaki katika nyumba ile mpaka akafa. Babu alikuwa akiwasimulia watoto wake njia ya kufika kwenye mlango huo, na kila akimaliza huwaambia kwamba atakayefika ampelekee mama yake salamu. Baba yangu alikwenda Tabora kufanya biashara, nikazaliwa huko, akafariki kabla ya kufika. Akabaki shangazi peke yake.

Mtauliza: mtu aliyekaa Oman karibu miaka hamsini, na kutoka Sur hadi Ibra ni mwendo wa saa mbili tu, ilikuwaje asifike? Nami nilimuuliza. Alipohamia huku, wiki ya kwanza alikwenda kuwaamkia jamaa wa Ibra. Kiarabu chake kilikuwa cha msahafuni, hakikuwa cha kupiga soga, na wanawake wa nyumba ile wakamcheka. Akanywa kahawa kikombe kimoja, akakitikisa kuonyesha ametosheka kama adabu inavyotaka, akaondoka bila kuuliza nyumba ilipo. Hasira ya asubuhi moja ikala miaka hamsini. Waliojua wakafa mmoja mmoja, hara ikahamwa, na watu wakajenga nyumba za saruji karibu na barabara kuu.

Nilimtafuta mtu wa kutuongoza, nikampata Haitham. Ni kijana wa miaka ishirini na sita, mzaliwa wa hapa hapa, ambaye bibi yake alitoka Unguja. Wageni wengi hupelekwa kwenye ngome za Nizwa na Bahla. Yeye huwapeleka kusikokwenda mabasi, kwenye makaburi ya mawe ya kale na hara zilizoachwa. Nilimweleza habari ya babu akasema hara hiyo anaijua, ila nyumba ndani yake ni nyingi na hazina majina.

Saa kumi na moja alfajiri alikuwa mlangoni petu Sur.

"Shikamoo, bibi," alisema. "Gari iko tayari. Yalla?"

"Marahaba, mwanangu. Gari liko tayari," shangazi akamsahihisha, akapanda mbele bila kuulizwa. Mimi nikakaa nyuma pamoja na chupa ya chai na kikapu cha mikate ya mchele.

Barabara ya kutoka Sur hupanda taratibu kati ya vilima vyeusi, kisha nchi hufunguka. Tulipofika Bidiya jua lilikuwa limekwisha kutoka na michanga ilionekana kwa mbali, myekundu, imejipanga nyuma ya mitende. Shangazi alitaka nimwambie kila ninachokiona, halafu akanibishia. Nikisema ngamia watano, yeye atasema sita. Mtu mwenye presha ya macho!

Hapo ndipo Haitham alipomwomba aeleze njia. Shangazi alikaa wima kama mtoto wa chuo cha Kurani anayesomeshwa mbele ya mwalimu.

"Ukitoka msikitini, jua la laasiri liwe mkono wako wa kushoto. Wende moja kwa moja. Njia ya pili ushike, mlango wa mwisho mkono wa kulia. Kizingiti ni cha jiwe, kina vishimo safu mbili, baba na nduguye walivichimba wakicheza hawalisi."

Hawalisi ni mchezo wa hapa unaofanana na bao letu. Haitham alifikiri kidogo, akasema, "Jua kushoto... basi tunakwenda shamal. Kaskazini. Sahali, bibi."

Tukachepuka kwa njia ndefu ya mawe, na saa tatu asubuhi tulisimama kwanza kwenye kilima chenye makaburi ya kale, majengo ya duara ya mawe makavu yaliyopangwa bila udongo wala saruji. Haitham alisema ni ya maelfu ya miaka, na hakuna ajuaye majina ya waliolazwa humo. Nilipanda nikaona mlango wa kaburi moja, mdogo, wa kuingia kwa kutambaa. Shangazi alibaki garini. Niliporudi aliniuliza kama wana jamaa wa kuwazuru. Nilimwambia sidhani. Akawasomea Fatiha hapo hapo kitini, kisha akamwambia Haitham twende zetu.

Saa nne na nusu tukaingia hara. Sikutarajia kuipenda, lakini niliipenda. Kuta za udongo zimesimama ghorofa mbili, nyingine zimemomonyoka zikawa laini mabegani, na chini yake mfereji wa falaj bado unapitisha maji kwenda mitendeni kana kwamba wenyewe wametoka kidogo tu. Haitham ana desturi zake. Hupita mbele, hugusa ukuta kwa fimbo, na kabla ya kuingia chumba hurusha kijiwe ndani kwa ajili ya nyoka, akasubiri. Msikiti tuliupata upesi. Ni chumba kimoja kisicho na paa, sakafu yake imejaa vifusi. Upande mmoja ukuta wote ulikuwa umeanguka nje, na katika kuta zilizobaki sikuona mihirabu, kile kishubaka anamosimama imamu.

Tukaenda kaskazini. Njia ya kwanza, ya pili, mlango wa mwisho kulia. Hapakuwa na mlango. Palikuwa na zizi la mbuzi lililoachwa na rundo la mabati. Tukajaribu njia ya tatu, tukarudi ya kwanza. Shangazi aliinama kwenye kila kizingiti akipapasa kwa vidole. Nilikuwa nikimshika kiuno asianguke, na kila akiinuka alikuwa mzito zaidi.

Adhuhuri mama mmoja alitutokea kutoka nyumba mpya iliyo ukingoni mwa mitende, akatukaribisha kahawa na tende. Anaitwa Bi Shamsa. Nilimuuliza kwa Kiarabu kama anamfahamu mtu wa ukoo wetu aliyekaa humo.

"Mimi nimeolewa hapa kutoka Samail," alijibu. "Nilipokuja, hara ilikwisha kuwa ya paka. Mama mkwe ndiye aliyejua nyumba zote, Mungu amrehemu."

Shangazi alielewa. Miaka hamsini imemfundisha Kiarabu cha kutosha. Aliuliza mama mkwe huyo alifariki lini, akaambiwa ni mwaka juzi. Akaweka tende aliyoishika kwenye sahani, hakuila.

Sasa naungama. Mimi ni mtu wa haraka, na saa nane mchana jua la huku halina huruma, hata mwezi wa kumi. Nilimwona shangazi ametota jasho, anatembea akigusa kuta, nikasema moyoni, nyumba ni nyumba. Nilichagua moja nzuri, yenye mlango wa mbao uliochongwa, nikamwita.

"Shangazi, hii hapa. Nimeipata. Vishimo vimelika lakini vipo."

Alikuja mbio, kwa mbio zake. Akapiga magoti. Akapapasa jiwe kutoka mwanzo hadi mwisho, akarudia. Haitham alitazama chini. Shangazi akasema bila kuniangalia, "Kizingiti hiki laini, Moza. Weye wataka kurudi nyumbani."

Sijaona haya namna ile tangu nilipokuwa msichana. Nilimwomba radhi. Aliniambia hapana neno, na hilo lilinichoma kuliko kama angenitukana. Akaketi kivulini, akaanza kulia polepole, akifuta kwa pembe ya mtandio. Akasema labda baba alikuwa akiwapa hadithi tu, kama watu wanavyowapa watoto hadithi ili walale. Au labda yeye mwenyewe ndiye aliyesahau, akapoteza amana.

Haitham alichuchumaa mbele yake. "Bibi, ma'lesh, usijali. Laasiri imeingia. Tuswali msikiti ya babu, halafu tunatafuta tena mpaka giza. Mimi sina haraka."

Tulisafisha kipembe cha msikiti kwa mikono. Haitham akatoa simu, akatafuta kibla, upande wa Makka, kwa dira, akasimama mbele akiuelekea ule upande ulioanguka. Mihirabu ilikwenda na ukuta huo. Tukajipanga nyuma yake. Shangazi alikaa kwenye jiwe kwa ajili ya magoti yake.

Jua likatuingia machoni.

Tulipotoa salamu, shangazi hakugeuka. Alibaki ameutazama mwanga ule, macho yamefumbwa nusu.

"Haitham," alisema, "kibla cha hapa kiko wapi?"

"Hapa mbele, bibi. Gharb. Magharibi."

"Na jua liko mbele."

"Aiwa."

"Subhanallah." Akajishika kichwa. "Baba hakusema jua. Baba alisema, toka msikitini uelekee kibla. Jua nimelitia mie."

Ikabidi atufafanulie, na nyinyi mlioko Unguja na Dar mtamwelewa upesi kuliko mimi. Kwetu kule kibla kiko kaskazini. Babu alikuwa akisimulia barazani baada ya kuswali laasiri, na akisema "kibla" mkono wake unanyooka mbele, na jua liko kushoto mwao. Mtoto akaiweka picha nzima kichwani, mkono wa baba pamoja na jua la Unguja. Amehamia huku, ameswali akielekea magharibi kila siku ya Mungu, chumbani kwake Sur, na hajawahi kuigeuza picha ile. Haitham alicheka mpaka akakaa chini. Shangazi naye akacheka, machozi bado yako mashavuni.

Tukatokea pale ukuta ulipoangukia, tukaliendea jua. Njia ya kwanza ilizibwa na vifusi. Njia ya pili ilikuwa nyembamba, kuta zimeinamiana, na mwisho wake mkono wa kulia palikuwa na tundu la mlango lisilo na mlango. Shangazi hakunisubiri. Aliinama, akaweka viganja juu ya jiwe, na nikaona vidole vyake vikizama kimoja kimoja. Vishimo vilikuwa safu mbili, si sawasawa, vimechimbwa na watoto.

Haitham akaokota kijiwe chake. Shangazi akamshika mkono.

"Nyumba ya bibi yangu hairushiwi jiwe. Hodi!"

Akapiga makofi matatu. Tukasimama. Kisha Haitham akaingia mbele na tochi, akagonga kuta, akasema chumba cha nyuma bado kina dari na ni salama. Shangazi aliniomba nisimfuate. Nilimwona akiingia akitazama juu, huku na huku, kwa uchu, kama anayekula baada ya kufunga. Alikaa humo muda mrefu. Nilisikia sauti yake ikisema Kiarabu, halafu Kiswahili, lakini maneno sikuyapata.

Magharibi ilitukuta njiani, tumeiacha Bidiya nyuma. Shangazi alinitaka niitaje njia ile kwa sauti, akanirudisha mara tatu nilipokosea. Ndipo nilipomuuliza alimwambia nini bibi yake. Alisema alimpa salamu za baba, akamwomba radhi kwa kuchelewa, na akamweleza kwamba yeye hataweza kurudi, lakini wapo wengine.

Nilikwenda nikidhani namsindikiza mgonjwa akafurahi siku moja. Nimerudi na kazi. Kwa hiyo watoto wetu mlioko Sur, Tabora, Unguja na kwingineko, someni vizuri: tokeni msikitini pale ukuta ulipoanguka, elekeeni jua linapokuchwa, njia ya pili, mlango wa mwisho mkono wa kulia. Pigeni hodi na mtoe salamu. Shangazi amekwisha kumwambia kwamba mtakuja.