Vumbi la Mbao Kati ya Boriti

Nakumbuka adhuhuri moja ya mvua, Mwanangu, nilipomleta fundi nyumbani kwetu Nyansiongo aje azibe sauti ya mama yangu. Nasema hivyo bila kupamba, maana ndivyo ilivyokuwa.

Nyumba yenyewe ilikuwa ya mzungu mmoja aliyehama mashamba yalipogawanywa, miaka ile ya sitini. Baba alipata kipande chenye nyumba hiyo, akaishi humo msimu mmoja wa mahindi, akafariki. Dada yangu alikuwa ameolewa Gesima. Tukabaki wawili: mama chini karibu na jiko, mimi chumba cha juu. Kati yetu palikuwa na boriti nene na mbao zilizopigiliwa juu yake, zimezeeka na kuachana, na kila neno la mama lilipanda hadi mezani pangu.

Na mama alikuwa na maneno. Alizungumza na kuku, na sufuria, na marehemu baba. Jumamosi, siku yetu ya Sabato, aliimba nyimbo za kanisa tangu alfajiri. Akinitaka, aligonga boriti kwa mpini wa mwiko, "Tata, chai iko tayari." Mama zetu Wakisii humwita mwana hivyo kwa upendo, kama wanaomwita baba yao. Mimi nilikuwa nasomea mtihani nyumbani, nikitaka kazi ya ukarani, nikaona kelele hizo zinanirudisha nyuma.

Fundi Ombati, mzee wa Kiogoro, alipapasa boriti. "Sauti inapita kwenye nyufa," alisema. "Tutang'oa mbao, tujaze vumbi kavu la msumeno katikati, tutandike magunia, ndipo tupigilie tena." Kisha akaniuliza, "Huko chini anakaa nani?"

"Mama."

"Na nani mwingine?"

"Yeye tu."

Alipangusa msumeno wake. "Kazi nitaifanya. Lakini uwe unashuka, kijana wangu. Usipomsikia utamsahau, na mko nyumba moja."

Niliitikia, kama vijana wanavyoitikia. Mama alimpikia fundi ndizi kwa siku tatu, akidhani tunatengeneza sakafu. Sikumwambia vinginevyo.

Baada ya hapo nilipata utulivu. Nilisoma hadi kitabu kikaniishia mkononi. Nilishuka kula, nikapanda. Miezi ikapita hivyo, na mtihani nikapita.

Halafu dada akaja kutoka Gesima, akashinda na mama mchana kutwa. Alipopanda kwangu, macho yake yalikuwa mekundu. "Mama anasema amekugongea siku nyingi, huitikii," aliniambia. "Anaona umemchoka. Ndiyo maana siku hizi anaongea kwa kunong'ona."

Nilishuka nikamkuta akimenya ndizi. Nikamweleza habari ya vumbi lile, kwamba sikuwa nasikia.

"Si neno, tata," alisema. "Ulikuwa unasoma." Akaendelea kumenya.

Kesho yake niling'oa mbao mwenyewe, nikachota vumbi lote, nikalimwaga kwenye zizi la ng'ombe. Nikakaa juu kusikiliza. Nilisikia kisu, nikasikia maji yakimiminwa, nikasikia kiti kikivutwa. Neno sikusikia. Nilimwita kupitia nyufa, akajibu "Ee," basi. Alikuwa amezoea kutonisumbua. Tuliishi hivyo miaka kadhaa, nyufa ziko wazi, hadi alipofariki. Jumamosi nilimwona akitikisa midomo tu.

Mwanangu, nyumba za zamani zina kelele, na ukitaka kuziba, ziba. Vumbi kavu na magunia yanafaa hata leo. Hilo silo kosa langu. Kosa langu ni kwamba sikumwambia. Unayeishi naye mwambie kwa mdomo wako unachofanya na sababu yake. Mzee hatakuuliza. Atakaa peke yake atafute kosa alilokutendea, na akishalipata hutaweza kumtoa humo kwa maneno mawili. Na kila siku nenda ulipo mlango wake, hata kama huna la kusema.

Mungu akubariki kwa nyumba yenye mtu wa kukuita. Akupe na moyo wa kumwitikia mara ya kwanza.