Kurasa Nilizomfichia Mama

Sijui kwa nini mtu wa Mabela, pembeni mwa Maskati, mstaafu wa ofisi ya serikali, mwenye presha na wajukuu, ashughulike na maisha ya waandishi wa Kimarekani. Mke wangu aliwahi kuniuliza na sikuwa na jibu la maana. Riwaya zao zenyewe nyingi sikuzimaliza. Ninachokipenda ni vile vitabu vinene vilivyoandikwa juu yao baada ya kufa: alizaliwa wapi, aligombana na nani, aliamka saa ngapi kuandika, alikuwa akiogopa nini. Kuna mmoja sijasoma hata sentensi yake moja, lakini maradhi ya tumbo lake nayajua kuliko daktari wake.

Vitabu hivyo navinunua Ruwi, si mbali na kituo cha mabasi, katika duka linalouza masanduku ya safari. Wageni wanaorudi kwao huja kununua sanduku, wakaona mizigo imezidi, wakaacha vitabu. Mwenye duka huvipanga kwenye rafu ya chini kabisa, nami huinama pale mpaka kiuno kinalalamika. Ndipo nilipompata huyu ninayetaka kueleza habari zake. Hakuwa mwandishi maarufu sana. Alizaliwa katika mji mdogo wa mashamba ya mahindi, baba yake fundi wa saa, na mtu aliyeandika maisha yake alikuwa amemchimba mpaka mifukoni.

Mama yangu anakaa nasi. Alikuwa mwalimu wa shule, Unguja kwanza kisha huku Maskati, na kusoma ndiko kulikokuwa starehe yake. Sasa macho yameondoka kwa presha ya macho; anaona mwanga na vivuli vya watu, herufi hazioni tena. Siku moja baada ya Alasiri, tukiwa sebuleni na birika la kahawa, alinisikia nikifungua kurasa.

"Wasoma nini peke yako kama mwizi?" akaniuliza. "Hebu nsomee na mie."

"Ni Kiingereza, Mama."

"Basi kigeuze. Nlikusomesha ya nini?"

Nikaanza kumsomea, nikitafsiri papo hapo. Mambo yalikwenda vizuri mpaka yule mwandishi alipobaleghe. Hapo nikajikuta nina kitabu mkononi na mama mbele yangu, na mwandishi yuko katika chumba cha hoteli na mwanamke asiye mkewe. Mimi nina umri wa kuitwa babu, lakini mbele ya mama yangu bado kuna maneno ambayo ulimi hauyabebi. Basi nikawafungisha ndoa. Niliwaoza mwenyewe, sebuleni Mabela, bila walii wala mashahidi, na mke wa kwanza bado yuko hai.

Mama akauliza, "Kumbe Wamarekani nao wana wake wawili?"

"Zamani, Mama."

Baada ya hapo sikuweza kuacha. Pombe niliiondoa yote, na ilikuwa nyingi. Kwa hiyo ini lake lilipoanza kuoza, mama akataka kujua sababu, nikasema ni maradhi ya ukoo. Kupigana na wachapishaji nikakufanya mashauriano. Nilijiambia ni heshima kwa mama, lakini haikuwa heshima peke yake. Sisi tumelelewa kwamba maiti hutajwa kwa mema yake. Katika misiba yetu hata aliyekuwa akimpiga mkewe huwa mpole ifikapo siku ya tatu, na sote tunaitikia, na mke mwenyewe anaitikia. Sasa huyu mtu wa watu amelala kaburini kwao, hajanikosea kitu, mimi nimtangazie aibu zake kwa kizee kisichomjua ya nini?

Na papo hapo nilikuwa nikivipenda vitabu hivyo kwa sababu ya aibu zile zile. Hapo ndipo nilipokuwa sijielewi. Asubuhi nilisoma peke yangu na kushukuru kwamba mwandishi wa kitabu hakuficha kitu, kwani nilimwona mtu kamili, mwenye kiburi na woga na huruma ya ghafla. Alasiri nikamchukua mtu huyo huyo nikamwosha na kumkafini. Mama akampenda. Kila tukimaliza kusoma alisema, "Mungu amsamehe," kisha akajiuliza kama anaruhusiwa kumwombea mtu wa dini nyingine, kisha akasema Mungu anajua zaidi, kisha akaomba kahawa.

Lililonishinda kabisa lilikuwa la mtoto. Yule mwandishi, kabla ya kwenda mjini kutafuta umaarufu, alimwacha mkewe wa kwanza na binti wa miaka minne, na hakurudi tena. Binti alipojua kuandika alimwandikia baba yake barua kila mwaka. Baba hakufungua hata moja. Ziligunduliwa alipokufa, zimefungwa kwa kamba ya kiatu, na aliyezifungua mwishowe ni yule mwandishi wa maisha yake, ambaye alizichapa kitabuni tukazisoma sisi wote. Nilizisoma asubuhi moja nikakasirika, kwanza na baba, kisha na aliyezifungua, kisha na mimi mwenyewe niliyeendelea kusoma. Sikujua niwe upande wa nani.

Jioni ile mama akauliza, "Na watoto je? Hana mtoto?"

"Hana," nikasema.

"Masikini. Hakujaaliwa."

Nikafungua ukurasa mwingine.

Siku chache baadaye akaniambia jambo ambalo sikulitarajia. "Nataka na mie uniandikie yangu," alisema. "Kama hao Wamarekani wako. Nisome kabla sijafa. Nisomewe, yaani."

Nilifurahi, nisiseme uongo. Nilitafuta karatasi nzuri, nikaandika kurasa sita kwa muda wa wiki mbili. Alipozaliwa, chuoni alikokhitimu Kurani, skuli aliyofundisha, safari ya kuja Omani, kuolewa na marehemu baba, sisi watoto wake wanne, wanafunzi wake ambao leo ni wakubwa wa watu. Nilimsomea polepole kwa sauti ya juu. Alisikiliza mpaka mwisho, mikono imelala mapajani.

"Nzuri," akasema. "Ya nani hiyo?"

Nilicheka nikidhani ananitania. Hakucheka. Nikamuuliza nimekosea wapi, akasema hakuna nilipokosea, akanyanyuka akaenda kutawadha. Nilibaki na kurasa zangu nikizipitia mstari kwa mstari kama karani aliyepotewa na faili. Tarehe zote zilikuwa sahihi. Mke wangu akasema labda mama amechoka. Dada yangu, kwenye simu, akasema uzee huo, mzoee. Mimi nikaona mama ana akili kuliko sisi wote watatu, ndiyo maana nilizidi kuchanganyikiwa.

Kisha gari langu likaharibika. Nililipeleka gereji Wadi Kabir, fundi akaniambia niliache mpaka kesho, nikarudi nyumbani kwa teksi kabla ya saa sita. Kwa kawaida mama husikia gari langu tangu liko njia panda. Siku hiyo hakusikia kitu. Niliingia kwa mlango wa jikoni, na nilipofika ukumbini nikasikia kitabu changu kikisomwa.

Aliyekuwa akisoma ni binti wa Kiganda anayetusaidia kazi za nyumbani na kumwangalia mama. Ni Mkristo, amesoma mpaka sekondari, na Kiingereza chake ni kizuri kuliko cha wengi niliofanya nao kazi. Alisoma mstari kwa Kiingereza, kisha akaueleza kwa Kiswahili chake cha kwao.

"Sasa huyu mtoto yake anaandika barua, Mama. Kila mwaka. Lakini baba hafungui."

"Hafungui hata moja?"

"Hata moja. Mpaka anakufa, huyu wa kuandika kitabu ndiyo anafungua. Baba anafunga na kamba ya kiatu, anaweka kwa droo. Basi, khalas."

"Lakini hakuzitupa," mama akasema.

"Hapana. Hajatupa."

"Hebu soma tena hapo."

Nilipaswa kurudi jikoni. Badala yake nikaingia. Yule binti akasimama, kitabu kikafungika mkononi mwake, na mimi, kwa sababu nilikuwa nimefumaniwa na sijui nimefumaniwa na nini, nikawa mkali.

"Nani kakwambia usome kitabu hiki?"

"Mama aliniambia, Baba," akajibu. Hakuinamisha kichwa. "Mama anasema soma, mimi nasoma. Kama kitu kiko kwa kitabu, nitaficha aje?"

"Mwache," mama akasema. "Nenda mwanangu, katazame chungu chako. Na weye kaa."

Nikakaa. Mama aligeuza uso palipokuwa na kivuli changu.

"Tangu lini?" nikauliza.

"Tangu ulipomuoza yule mwanamke wa hotelini. Mwanangu, ukisema uongo sauti yako inakuwa kama ya taarifa ya habari. Nkasema, hapa pana kitu. Nkamwambia mtoto wa watu, hebu nsomee ilivyo." Akapapasa kikombe chake, akakikuta, hakunywa. "Ya pombe sikushughulika. Ya wanawake nimezaliwa Unguja, nimeyaona. Kwa nini ulimuondoa mtoto?"

Nilijibu lile nililokuwa nikijijibu mwenyewe. "Nilimstiri, Mama. Maiti hutajwa kwa mema yake."

"Ulimstiri nani? Yule mzee keshakufa, ana Mola wake. Mtoto je? Kaandika barua miaka yote ile, hakufunguliwa na babake. Akaja mtu mgeni akamfungulia. Kisha ukaja weye, ukamfunga tena."

Nilitaka kumweleza kwamba ni kitabu tu, kwamba watu wenyewe wako mbali na wamekufa, kwamba nilifanya kwa nia njema. Kila sentensi niliyoianza kichwani niliiona haifiki mwisho.

"Na wangu," mama akasema, "utamuondoa vilevile?"

Nilidhani anasema mmoja wetu. Nikaanza kutuhesabu kichwani: mimi, dada yangu wa simu, ndugu zangu wawili walioko Salala. Sote tulikuwamo katika kurasa zile. Nikamwambia, "Mama, wote nimewaandika."

"Wote wa babako."

Akaniambia kwa sauti ya kawaida, kama anavyoniambia dawa zake zimekwisha. Kabla ya baba alikuwa na mume Unguja. Aliolewa mdogo, akaachwa mdogo, na mtoto wa kike wa miaka mitatu akabaki kwa wazee wa mumewe, kama ilivyokuwa desturi. Mwaka uliofuata mama akachukuliwa na kaka zake kuja huku. Baba yangu alimwoa akijua yote. Alimwomba jambo moja tu, kwamba lisitajwe nyumbani, watoto wasije wakajiona nusu nusu. "Babako alikuwa mtu mwema," mama akasema. "Na hilo liandike."

"Mlikuwa mkiandikiana?"

"Hakuna aliyeniandikia. Wala mie sikuandika. Kila nikishika kalamu nakwama, nianze na lipi? Mwanafunzi wangu angeniuliza, ningemwambia anza na salamu. Mie salamu ndiyo iliyonishinda."

"Yu hai?"

"Sijui."

Hapo nikahisi hasira, na sijui mpaka leo nilimkasirikia nani. Katika Maskati hii, ambako watu wetu wanajua mpaka nani alimkopesha nani sufuria mwaka gani, hakuna aliyenidokeza. Shangazi zangu wote walikwenda makaburini na jambo hili, na katika misiba yao mimi nilisimama nikasema walikuwa wanawake wasio na siri. Sasa nilikuwa na dada mwingine. Kama yu hai, ni mtu mzima kuliko mimi, pengine ana wajukuu, pengine yuko mahali anasema hakujua mama yake alikwenda wapi. Au hataki kumjua. Nilitaka kuwa na huruma na mama, nikawa nayo, na ndani yake kulikuwa na kitu kichungu ambacho sikuweza kukitenganisha. Yule mwandishi wa Kimarekani nilimhukumu asubuhi moja tu, kabla ya chai. Huyu mbele yangu ni mama yangu.

"Leta hizo karatasi zako," akasema.

Nikazileta. Nikamuuliza kama kweli anataka lisomwe na watoto, na wajukuu, na kila mtu. Akasema hakunambia niandike ili nimfurahishe. Alitaka yule mtoto awemo mahali, basi, hata kama ni katika karatasi yangu mbaya.

Katika ukurasa wa kwanza nilikuwa nimeandika kwamba kifungua mimba wake ni mimi. Nikaukata mstari. Kalamu ikatoboa karatasi.

"Jina lake nani?" nikauliza.

Akanitajia, na nikaiweka kalamu chini. Binti yangu mkubwa alipozaliwa, siku ya saba, mke wangu alikuwa na jina lake tayari na mimi nina langu. Mama aliyakataa yote mawili. Akaja na jina hilo hilo, hakula mpaka tukakubali, nasi tukadhani ni la bibi fulani wa zamani. Binti huyo sasa ni mama wa watoto wawili. Miaka yote hiyo nimemsikia mama akimwita katika nyumba yangu, asubuhi na jioni, na mimi nikiitika kwa niaba yake kwamba mtoto ametoka, anakuja sasa hivi.