Wimbo wa Roki Niliouandika Umemnyamazisha Baba

Admin, jina langu libaki kwako tu, tafadhali. Nina miaka kumi na saba, niko fomu tatu, naishi Free Area hapa Nakuru na baba yangu pekee. Mimi ni msichana wa aibu, hata dukani naonyesha kwa kidole. Kuandika ndiyo naweza.

Mama alituacha mwaka juzi. Alisema anaenda kumsaidia dada yake kuhama, hakurudi, na simu ikazimwa. Baba anasaga unga kwa posho mill. Kila jioni akifika nyumbani, hata kabla hajapangusa unga kwa nyusi, alikuwa anampigia mama na kuweka simu spika. Ile sauti ya mashine inasema mteja hapatikani. Baba anaijibu, "Haya, asante," halafu anaenda kukata sukuma.

Sasa kanisani kwetu kuna vijana wanne wanapiga roki. Wazee wanasema hiyo gitaa inalia kama mbuzi wa Krismasi, lakini waliwapa nafasi Jumapili ya vijana. Kevo, mwimbaji wao, aliniomba maneno ya wimbo wa kuachwa na upweke. Nikampa ya baba. Nilifurahi jamani, hakuna mtu alikuwa amewahi kutaka maneno yangu. Sikufikiria kwamba baba ndiye hubeba kikapu cha sadaka.

Kiitikio ni hayo maneno mawili tu, haya asante. Ngoma zilipoingia kanisa zima lilisimama, akina mama wakalia. Kevo hakutaja mtu. Lakini nilimwona baba akiweka kikapu chini polepole, akatoka.

Wimbo ukasambaa kwa simu. Juzi nilimpelekea baba chai kazini nikakuta vijana wanauimba wakingoja unga wao, wanamwimbia mwenyewe bila kujua. Mmoja akamuuliza, "Mzee, hii ngoma inauma, ama?"

Baba hakuinua kichwa. "Inauma."

Tangu ile Jumapili hajampigia mama tena. Jana tukila aliweka kijiko chini akaniita Mami, vile huniita tangu utotoni, akasema, "Yangu umeandika yote. Yako iko wapi?"

Nilisema nina homuwaki nikaenda chumbani.

Yangu ni hii, na sijawahi kuiambia mtu. Mwaka jana mama alinipigia na namba ngeni. Alisema ameolewa Kitale, ana mtoto, nisimwambie baba, atanipigia tena. Hakunipigia. Nimekaa na hiyo siri mwaka mzima nikimwangalia baba akingoja mke wa mtu, na kila jioni nikajiambia kesho.

Nikimwambia sasa atajua nilimwacha angoje. Nikinyamaza, ataendelea kuweka nafasi ya mtu ambaye harudi. Nyinyi wenye wazazi wa kuongea nao, hasa akina baba mnaosoma hapa, niambieni: mngetaka kuambiwa na mtoto wenu? Na nianze na neno gani?