Muziki wa Nyumba ya Eda

Siku ile uani kwetu Bagamoyo tulikuwa wanne. Mimi; mke mwenzangu, yaani bi mdogo, ambaye tangu mume wetu atangulie mbele ya haki tunakaa naye nyumba moja; mjukuu wetu wa kike, mtoto wa mwanangu mimi, ila bi mdogo ndiye aliyembeba mgongoni; na kijana wa Dar es Salaam, mwenye filamu, aliyesoma na mjukuu wetu. Majina ninayo yote, hata ya mama zao, ila nayaacha moyoni.

Mjukuu wetu hutunga muziki wa filamu. Si wa kucheza wala kuimba. Ni ule unaokaa chini ya picha, ukausikia bila kujua unausikia. Filamu hii ni ya vijana wenyewe, wamejichangisha, na ndani yake yumo mjane aliyekaa eda. Mjukuu alishatunga na kurudia, kijana akakataa yote: muziki unalia mno. Siku ile akamwambia mbele yetu, kwa upole, "Dada, leo muziki usipopatikana, naweka wa kununua." Mtoto wa watu akanywea.

Alikuwa amekumbuka nilivyomsimulia: sisi wajane wawili tulikaa eda chumba kimoja, na kilichonishika si vilio, ni majirani wakikuna nazi uani, krr, krr, maisha yanaendelea. Ndiyo maana alikuja na kinasa sauti, akatukalisha kila mtu juu ya mbuzi yake, tukune.

Lo, kusikia tunarekodiwa! Tukainuka, tukapaka wanja, tukavaa kanga mpya, bado ngumu. Kila ukiinama, chwa, chwa. Na mikono nayo ikaingia adabu kama ya maharusi.

"Bibi zangu, mnaibembeleza nazi," mjukuu akasema, machozi yanamlenga.

Tukarudia kanga kuukuu. Bado mikono mizito. Bi mdogo akanitupia jicho.

"Bi mkubwa huyu hajapata kukuna nazi. Marehemu alikuwa akija zamu yangu, anakuja na njaa."

"Na kwangu anakuja na usingizi, maana kwako hakunyamazwi!"

"Alale, afanyeje? Tui lenyewe maji matupu!"

Tukacheka, tukakuna, kinasa sauti kinanasa yote, yeye mbio mbio, mimi taratibu, kama miaka yote.

Mjukuu akayatoa maneno, akabakiza mikono, na chini yake akaweka sauti moja nyembamba, ndefu kama pumzi. Kijana akavaa vile vya masikioni, akasikiliza mpaka mwisho.

"Dada, ndiyo hii. Sitaki nyingine."

Mjukuu akamwangukia bi mdogo mapajani, si mimi, wala sikuona wivu.

Nami nikavaa, nikasikiliza. Mkono wa bi mdogo ule, na wangu huu. Alhamdulillahi. Wake wenza wangapi hawapeani hata maji ya kunywa, sisi Mungu ametuzeesha ua mmoja.

Nimeandika ninavyokumbuka. Bi mdogo anashikilia kuwa utani niliuanza mimi. Nawe msomaji, kama ulipita nyuma ya ua siku ile ukasikia vingine, nisahihishe; yeye peke yake simwamini.